Kanda Kumi na Mbili za Mzee Mfaume

Zena na Jafari, ninyi mliobaki na kaunta, mliniomba niwaandikie namna ya kupima seti ya filamu kabla ya kuinunua. Nadhani mlitegemea ukurasa mmoja. Lakini siku hizi naamka sina pa kwenda, na mke wangu amechoka kuniona nikihamisha viti kutoka ukumbini kwenda uani na kuvirudisha, kwa hiyo mtapata kurasa nyingi kuliko mlizoomba. Habari za kupanda cheo hamtazikuta humu. Dukani kwetu cheo kilikuwa kimoja, na alikuwa nacho Mama Rukia, mwenye duka.

Kwa yeyote atakayeyasoma haya bila kutujua, duka letu liko Nachingwea mjini, na kazi yake ni kukodisha na kuuza filamu. Zamani zilikuwa kanda za video, zikaja santuri za DVD, sasa ni flashi ambazo mteja anaweza kuzimeza na maji. Kazi yangu mimi ilikuwa kununua. Mtu akija na boksi la filamu, awe mchuuzi wa Dar es Salaam au mkulima aliyechoka na yake, mimi ndiye niliyesema linafaa au halifai. Nimeifanya kazi hiyo tangu ndevu zinaota mpaka zimekuwa nyeupe.

Siku ya kwanza nilitoka Nambambo kwa baiskeli, nimevaa shati la Idi. Nilikuwa najua kutengeneza redio, nikadhani nitapewa meza na bisibisi niheshimike. Mama Rukia alikuwa mwanamke mnene mwenye sauti nyembamba, na sauti ile ilitosha kumfanya mtu mzima arudishe kanda ya watu aliyokaa nayo miezi miwili. Alinipa kanda moja, akafungua kile kimlango chake cha mbele, akaniambia ninuse. Nikanusa. Akauliza nasikia nini, nikasema plastiki. Akanipa nyingine. Hiyo ilinuka kama kabati la nguo lililofungwa masika nzima.

Huo ndio ukungu, akanieleza. Ukungu wa kanda moja ukiingia kwenye deki unahamia kwenye kanda zote zitakazofuata, na duka linakufa taratibu kabla mwenyewe hajajua. Kwa hiyo kazi yangu ya kwanza ilikuwa pua. Wiki nzima nilikaa barazani nikinusa kanda moja baada ya nyingine, na wapita njia waliokuwa wakinifahamu walipeleka habari Nambambo. Mama yangu alikuja na uji, ameshaandaa na jina la mganga.

Wiki ya pili nikafundishwa kusafisha kichwa cha deki. Unachukua kipande cha fulana kuukuu iliyofuliwa, unakilowesha spiriti, unakigusisha kwenye kichwa na kukizungusha kwa ubavu. Kamwe usisugue juu na chini. Niliwahi kusugua juu na chini mara moja tu. Mama Rukia hakunifokea. Alikaa karibu na deki ile iliyokufa, akaitazama muda mrefu kama mgonjwa, kisha akanituma nikamletee chai. Afadhali angenifokea.

Kupima kanda basi ni hivi. Unaipima uzito mkononi, maana iliyofunguliwa na kuchezewa utepe huwa nyepesi. Unatazama kwenye kidirisha kama utepe umekaa sawa au una mawimbi. Unanusa. Kisha unaigeuza mgongoni. Kanda orijino huwa na kijipembe cha plastiki kilichovunjwa mgongoni, na kikishavunjwa deki haikubali kurekodi juu yake. Watu wetu waligundua kwamba ukiziba lile pengo kwa karatasi na gundi, deki inadanganyika na kurekodi. Kwa hiyo ukikuta karatasi, usisumbuke kusoma maandishi ya nje. Ndani kuna harusi ya mtu.

La mwisho, na ndilo lililonigharimu aibu: usipime mwanzo wa filamu, pima katikati. Kulikuwa na msimu mmoja wa korosho ambapo kila aliyeuza mnadani alitaka kurudi nyumbani na kitu kinachong'aa. Akaja mchuuzi na seti ya santuri arobaini, boksi la rangi ya dhahabu, limeandikwa kwamba ni toleo la wakusanyaji. Nililishika boksi lile nikajisikia kama mimi ndiye nimeitengeneza filamu. Nikaweka santuri ya kwanza, ikacheza vizuri. Nikaweka ya arobaini, ikacheza. Nikanunua maboksi matatu.

Siku nne baadaye mteja akarudi akilalamika kwamba jambazi aliyezikwa kwenye santuri ya tisa amefufuka kwenye ya kumi na moja na hakuna anayeshangaa. Nikakaa nikazitazama zote. Kuanzia ya kumi na moja mpaka ya thelathini zilikuwa ni zile kumi za kwanza, zimerudiwa mara mbili kwa majina mapya. Mama Rukia aliniadhibu kwa namna yake: kila aliyekodi seti ile nimwambie mwenyewe, kwa mdomo wangu, kwamba nilinunua bila kutazama katikati. Niliwaambia watu ishirini na kitu. Baada ya hapo hakuna aliyewahi kuniuzia boksi kwa uzuri wa boksi.

Mtanisamehe nikiwataja pia wale waliokuja kununua. Kijana mmoja wa Mbwemkuru alitaka seti kubwa kuliko zote dukani ampelekee mchumba wake. Nilimuuliza deki yao ni ya aina gani. Akasema hawana deki, wala televisheni, ila wana mpango. Nikamwambia seti nzuri kwa asiye na deki ni tofali lenye picha. Alinunua hivyo hivyo. Msimu uliofuata alirudi kununua deki, akanikumbusha lile tofali mbele ya watu, na nikastahili.

Sasa niwaeleze boksi ambalo kila nikilikumbuka nasikia uchungu, maana hapo ndipo nilipojua kwamba pua na macho havitoshi.

Zamani, duka likiwa limesimama vizuri, Mama Rukia aliamua tutengeneze seti yetu wenyewe. Nachingwea kulikuwa na kikundi cha maigizo, na ndani yake kulikuwa na mtu mmoja, Bakari, aliyekuwa akisimama tu jukwaani watu wanaanza kushika mbavu. Mchana alikuwa fundi baiskeli. Alikuwa rafiki yangu, na mkewe, Bi Somoe, ndiye aliyewashonea wote mavazi ya maigizo kwa cherehani yake ya kukanyaga. Tukakodi kamera moja, tukarekodi maigizo kumi na mawili, kila moja kanda yake. Seremala akatuchongea maboksi ishirini ya mninga yenye mfuniko wa kusukuma. Kila boksi lilipewa namba.

Yaliuzwa yote. Boksi la mwisho lilinunuliwa na Mzee Mfaume wa Malolo, upande wa Ruangwa, mkulima wa mikorosho aliyekuwa akipenda vitu vikae kwa mpangilio. Alizihesabu kanda mara mbili, akauliza namna ya kuzitunza. Nikamjibu kama nilivyowajibu wote, nikiwa tayari namtazama mteja wa nyuma yake. Nilimwambia, "Mzee, adui wa kanda ni mmoja tu, ukungu. Ukiuzuia ukungu, kanda hizi watazirithi wajukuu." Akashukuru, akalifunga boksi kwenye shuka, akaondoka nalo.

Miaka ikaenda. Kanda zikawa kitu cha kuchekwa. Mama Rukia akatutoka, duka likabaki kwa wanawe, mimi nikabaki na pua yangu. Bakari naye akafariki, baada ya ugonjwa wa koo uliomnyamazisha kabisa miezi yake ya mwisho. Mtu aliyewachekesha watu wa wilaya mbili alikufa akiandika kwenye daftari la shule akitaka maji.

Ilikuwa miezi michache kabla sijastaafu Bi Somoe alipokuja dukani. Alikaa kwenye kiti cha wateja, akavua viatu, akaniambia kwamba anatafuta lile boksi la maigizo. La kwao lilikuwa namba tatu. Mpwa wa Bakari alizichukua kanda zote kipindi cha msiba wa babu yao, akaziba mapengo kwa karatasi na kurekodi harusi na mechi. Alikuwa ameshauliza kote Nachingwea. Kila boksi lililopatikana ndani yake kulikuwa na harusi. Lililobaki zima, watu walimwambia, ni la Mzee Mfaume wa Malolo, na Mzee Mfaume alikuwa tayari kulitoa.

Bei aliyotaka mzee haikuwa fedha. Mjukuu wake wa kike alikuwa amemaliza kujifunza ushonaji, na alitaka cherehani. Bi Somoe alikuwa nayo moja, ile ile ya mavazi ya maigizo, na ndiyo iliyokuwa ikimlisha. Alikuwa tayari kuitoa.

"Ila siitoi kwa kubahatisha, shemeji," akaniambia. "Wewe nenda ukalitazame. Ukisema linafaa, nabeba cherehani kesho. Ukisema halifai, nanyamaza."

Nilikubali kwa moyo wote, na kwa majivuno kidogo pia. Sikumuuliza swali hata moja. Nilidhani najua mtu anataka nini kwenye kanda, nimefanya kazi hiyo maisha yangu yote.

Nilichukua deki ya mwisho inayofanya kazi dukani, nikaifunga kwenye blanketi, nikapanda Noah mpaka Ruangwa, kisha bodaboda mpaka Malolo nikiwa nimeipakata deki mapajani. Dereva aliniuliza kama ni mtoto mgonjwa. Mzee Mfaume alinipokea kwa furaha iliyonifanya nione aibu kwa miaka niliyokuwa simkumbuki. Alikuwa amezeeka, mgongo umeinama, lakini bado alikuwa mtu wa mpangilio. Hata kuni zake zilipangwa kwa urefu.

Akanipeleka stoo. Boksi lilikuwa juu ya kichanja, limefunikwa kitambaa cheupe. Akasukuma mfuniko taratibu, akasogea pembeni ili nione.

Kanda zote kumi na mbili zilikuwepo, namba zao zikitazama upande mmoja. Na zote zilikuwa za njano. Zilikuwa zimepakwa unga laini, sawasawa, kila pembe, mpaka ndani ya vile vimlango. Ilikuwa salfa, ile ya kupulizia mikorosho.

Nikamuuliza kwa upole hiyo ni nini. Akanieleza kwa fahari ya mtu aliyefaulu mtihani. Mkorosho ukishikwa na ubwiri unga, ule ukungu mweupe unaokausha maua, dawa yake ni salfa. Na mimi mwenyewe nilimwambia adui wa kanda ni ukungu. Basi kila mwanzo wa msimu, kabla hajaanza kupuliza mikorosho, alikuwa akizipaka kanda kwanza kwa brashi ya kunyolea ndevu.

"Miaka yote hiyo, mwanangu, sijaruka hata msimu mmoja," akasema. "Nusa mwenyewe. Hakuna ukungu."

Nikanusa. Kweli hakukuwa na ukungu.

Ninyi hamkuikuta enzi ya kanda, kwa hiyo niwafafanulie. Unga wa aina ile ukiingia kwenye deki, utepe unausaga mithili ya msasa. Mzee Mfaume alikuwa akizicheza kanda zake kila Idi kwa ajili ya wageni, na kila Idi salfa ilikwangua picha kidogo. Kisha deki yake ikafa, na hakuwa amezitazama tena, kwa hiyo hakujua. Aliendelea kupaka tu, kila msimu, kwa brashi ile.

Nilikaa na kanda zile mchana mzima. Nilipangusa, nikafungua skrubu, nikasafisha kichwa baada ya kila kanda mpaka fulana yangu yote ikaisha vipande. Nilizijaribu katikati, kama nilivyojifunza. Sauti niliipunguza ili nisisumbue watu wa nyumbani, kwa sababu kwenye kupima, picha ndiyo inayotazamwa. Kanda ya kwanza, chenga. Ya pili, chenga. Ya tisa, ambayo Bakari ndiye mhusika mkuu, chenga tupu, mara moja moja bega la mtu linapita na kupotea. Zote kumi na mbili.

Mzee Mfaume alikuwa amekwenda kuswali. Aliporudi aliniuliza vipi. Katika kazi yangu nimedanganya mara moja tu, na ni siku hiyo. Nilimwambia deki yangu imetikiswa na safari, siwezi kupima vizuri, nitamjulisha. Ningemwambiaje? Kwamba alizisaga mwenyewe kwa upendo, na kwamba aliyemfundisha adui na asimfundishe dawa ni mimi? Nilisema neno nusu kwa sababu kulikuwa na foleni. Akanifungia kuku wa kurudi naye. Nilitamani ardhi ya Malolo inimeze pamoja na kuku.

Kesho yake nilikwenda kwa Bi Somoe. Alikuwa anashona sare za shule. Nikamwambia wazi kwamba boksi halifai, asitoe cherehani, picha zote zimekwisha ni chenga tu. Nikamweleza habari ya salfa. Aliacha kukanyaga, akaukalisha mkono wake juu ya kitambaa.

"Na sauti?" akauliza.

Nikamwambia sauti ipo. Sauti inasomwa na kichwa chake kidogo pembeni, hakizunguki kama vya picha, kwa hiyo salfa haikuikwangua sana sauti. Lakini sauti bila picha ni redio, nikamwambia, na hakuna anayetoa cherehani kwa redio.

Akaonyesha ukutani, pale palipokuwa na picha ya Bakari kwenye fremu, amevaa koti la maigizo.

"Sura yake ninayo, Saidi. Naiona kila siku. Sauti ndiyo imenitoka. Nimejaribu kuikumbuka, naikuta ile ya mwisho, ya kukoroma bila maneno. Hukuniuliza nataka nini."

Nimepima maelfu ya kanda na sikuwahi kumpima mnunuzi. Hilo liandikeni ukutani juu ya kaunta kama mna nafasi: kwanza muulizeni mtu anataka nini, ndipo mfungue boksi.

Tulikwenda Malolo pamoja, mimi na deki yangu kwenye blanketi, yeye na cherehani imefungwa nyuma ya bodaboda yake. Niseme mapema, ili msome bila wasiwasi, kwamba cherehani ile ilirudi Nachingwea siku hiyo hiyo na boksi likaja nayo. Mjukuu wa Mzee Mfaume sasa anakaa kwa Bi Somoe, wanashona kwa zamu, na kelele zao ni za kutosha mtaa mzima. Lakini saa ile hatukuyajua hayo, na mimi nilikuwa na uongo wangu wa kutubu.

Nilimweleza mzee barazani, mbele ya Bi Somoe, kabla hata ya maji ya kunywa. Nilimwambia kwamba nilimdanganya kuhusu deki, kwamba picha zimekwisha, kwamba ni salfa. Nikamwambia pia kwamba kosa lilianza kwangu, nilimtajia ugonjwa nikamwacha atafute dawa peke yake.

Vidole vya Mzee Mfaume vilikuwa vikisugua goti, hivi, kama mtu anayepaka kitu kwa brashi. Mwisho akasema kwa sauti ndogo kwamba basi ni yeye aliyewafuta watu wa kwenye kanda. Kila msimu alikuwa akiwafuta, huku akijisifu. Sijawahi kuona mtu mzima akitahayari namna ile kwa kosa lisilo na ubaya ndani yake.

Bi Somoe ndiye aliyejibu. Alimwita baba, akamwambia yaliyozipata kanda za wengine: maboksi ishirini yalitoka, kumi na tisa yamerekodiwa harusi juu yake, pamoja na boksi la mwenye maigizo mwenyewe. Wote hao hawakupaka salfa, na hawakutunza. Kama si yeye na brashi yake, Bakari asingekuwa amebaki popote. Mzee akainua uso kidogo. Akasema kwamba hata hivyo hawezi kuchukua cherehani kwa boksi la chenga, dhambi hiyo hataibeba. Wakaanza kubishana kwa adabu, yeye anasukuma, huyu anarudisha, nami nikaona afadhali niunganishe nyaya.

Nilichukua kanda ya tisa. Niliisafisha upya hapo hapo kwa pamba, mwanzo wa utepe, sentimita kwa sentimita, wao wakibishana, nikaiweka kwenye deki. Televisheni ikajaa chenga, nyeupe na nyeusi zikichemka. Nikapandisha sauti.

Kwanza ukasikika mlango. Kisha watazamaji wakacheka kabla hajasema neno, na hapo nikajua ameingia. Lilikuwa lile igizo la mume aliyeuza korosho na kurudi nyumbani na friji, kijiji hakina umeme. Sauti ya Bakari ikatoka kwenye zile chenga, nzima, na ile tabia yake ya kuvuta maneno mwishoni kana kwamba anayaonea huruma kuyaachia. Alikuwa anamsihi mkewe wa kwenye igizo amsikilize mpaka mwisho kabla hajamhukumu. Akaanza kueleza faida za friji. Inatunza nguo zisiliwe na panya. Mgeni akija ghafla unajificha ndani. Inazuia upepo mlangoni.

Bi Somoe alikuwa amesogea mpaka magoti yake yanagusa meza. Hakulia. Alikuwa amefunga macho, uso ameuinamisha upande mmoja, na midomo yake inafuata maneno kidogo kwa nyuma, maana aliyasikia yakifanyiwa mazoezi jikoni kwake. Kila Bakari alipofika pahala pa kuchekesha, tabasamu lake lilitangulia. Mzee Mfaume alikuwa akitazama zile chenga kwa makini kabisa, kana kwamba kwa kutazama sana angeweza kuzirudisha picha.

Igizo lilikuwa refu. Mzee akaanza kutapatapa kwenye kiti. Nadhani alitaka hukumu, alitaka mtu amwambie kama miaka yake yote ya brashi ilikuwa na maana. Aliniinamia akaniuliza, na hakunong'ona vizuri, maana masikio yake ni ya zamani, "Mwanangu, wewe ndiye mtaalamu. Sema basi. Boksi linafaa au halifai?"

Nikafungua mdomo. Bi Somoe aliinua kiganja, macho bado ameyafunga.

"Nyamazeni kidogo," akasema. "Bado anaongea."